Buibui wa mti wa avoka

Mvua za Aprili zilipokaribia kwisha, buibui mkubwa alitanda utando wake kati ya mti wa avoka na paa la jiko letu, mtaa wa Muhumba, Bukavu. Mwili wake peke yake ulipita sentimita tatu. Jua lilipochomoza upande wa Rwanda, nyuzi zake ziling'aa manjano ya dhahabu, na mimi na mdogo wangu tulikuwa tukimtazama kila tulipokwenda shule.

Asubuhi moja mdogo wangu aliamka na homa, mkono umevimba na kuwaka moto. Majirani walifika na hukumu yao tayari: ni yule buibui. Mmoja alishika kibuyu cha esansi, yaani petroli.

"Mama Furaha, tumuchome leo leo. Kesho ataingia kwa mutoto mwingine."

Mama alikuwa anatetemeka, na nani angemlaumu? Mjomba ndiye aliyesimama mbele. Alikuwa amewasaidia kwa miaka mingi watafiti wa kituo cha sayansi cha Lwiro kukusanya wadudu.

"Dada, tupeleke kwanza mutoto ku santre. Huyu hana safari ya kuingia mu nyumba."

Njia nzima alikuwa akimweleza mama. Buibui wa namna hii ana macho manane lakini haoni vizuri. Mawindo anayatambua kwa mtikisiko wa nyuzi. Utando ndio riziki yake, hauachi akaenda kuwinda watu vitandani. Sumu anayo, na ukimbana kwa vidole ataweza kukuuma, ila kwa kawaida maumivu yake hayazidi ya nyuki, nayo hupita. Wa kuogopwa zaidi ni wadogo, weusi, wenye kung'aa, wale wa jamaa ya mjane mweusi, wanaojificha chini ya mawe na kuni: sumu yao hushika neva, misuli ikakaza kwa maumivu makali.

Muuguzi alipapasa ule mkono mara moja tu. Jipu. Alilipasua, usaha ukatoka, akaandika dawa. Hadi leo nakasirika nikifikiria kwamba tungeweza kumchoma buibui, tukaridhika, na maambukizi yakaendelea kumla mtoto.

Jioni Mjomba alituita chini ya avoka. Aligusa kwa unyasi nyuzi zinazotoka katikati: hazikunata. Aligusa zile za mzunguko: zikanata. Pembeni alituonyesha kibuibui cha kahawia tulichokuwa tukikidhani mtoto wake, kumbe ndiye dume. Miaka mingi baadaye nilisoma kwamba joho la dhahabu lililoonyeshwa London mwaka 2012 lilifumwa kwa nyuzi za buibui zaidi ya milioni moja wa Madagaska, wa jamaa hiyohiyo, nikatamani Mjomba angekuwepo nimsomee.

Kesho yake mama alihamisha kamba ya nguo mpaka upande wa choo, ili shuka zisiupasue ule utando.