Mikono chini ya dawati

2005 nilikuwa kidato cha pili, shule ya kutwa huku Eastlands, Nairobi, na kila Jumamosi mimi na mathe na mdogo wangu tulikuwa tunaenda kware, yaani machimbo ya mawe, huko Njiru kugonga kokoto. Shule ya msingi ilishakuwa bure tangu 2003 lakini karo ya sekondari ilikuwa palepale, na kware unalipwa kwa debe, kwa hivyo mikono ikiwa mingi debe zinajaa haraka. Simlaumu mathe hata kidogo.

Sasa siku moja mwalimu wa historia alikuwa anafundisha mapinduzi ya viwanda, akafika kwa makaa ya mawe, akafunga kitabu akaanza kutupigia stori tu. Uingereza, mtoto wa miaka 6, anashinda chini ya ardhi gizani, kazi yake kufungua na kufunga mlango wa hewa mikokoteni ipite. Miaka 6! 1838 mvua kubwa ikanyesha, maji yakaingia mgodi wa Huskar huko Yorkshire, watoto 26 wakafa, na sheria ya kuwatoa huko chini wanawake, wasichana na wavulana wa chini ya miaka 10 ikaja 1842. Halafu akaingia Pennsylvania, Marekani, vijana wamepangwa makaa yakipita mbele yao wanatoa mawe kwa mkono, glavu hawaruhusiwi, vidole vinavimba vinapasuka vinatoa damu.

Hapo nikaweka mikono chini ya dawati. Vidole vyangu vilikuwa vimepasuka hivyo hivyo, na kucha ya gumba ilikuwa nyeusi juu nilikuwa nimejigonga na nyundo. Kijana mwenye tulikuwa tunakaa naye aliona na hakusema kitu, namshukuru mpaka leo.

Jumamosi nikamwambia mathe hiyo stori yote. Hakuacha kugonga. Akauliza, "Na mama zao walikuwa wapi?"

Nikamwambia wengine walikuwa huko huko chini, wanavuta mikokoteni.

Akanyamaza kabisa, ni nyundo tu unasikia. Debe ikajaa, akaanza ingine. Kisha akamgeukia mdogo wangu, alikuwa na miaka 8, akamwambia, "Wewe weka hiyo nyundo chini. Enda ucheze."

Akaiweka. Akaangalia huku na huku, hakujua acheze nini, akakaa tu juu ya jiwe kando yetu anatuangalia tukigonga.