Nyamata: walikimbilia kanisani

Basi kutoka Nyabugogo, Kigali, lilivuka daraja la Nyabarongo tukaingia Bugesera. Maji ya mto huu huishia Kagera, na Kagera humwaga Ziwa Victoria. Mwaka 1994, wakati wa mauaji ya kimbari ya Watutsi nchini Rwanda, yalileta maiti hadi kwetu, na sisi watu wa Bukoba tulikua tukisimuliwa habari hizo.

Kanisa la Nyamata ni jengo la matofali, halina makuu. Ndani, mabenchi yamefunikwa na nguo za waliouawa: sketi, mashati, sweta za watoto, zimelundikana na kushikana hadi zote zimekuwa na rangi ya udongo. Ukiinua macho, mwanga unapenya kwenye matundu ya bati yaliyotobolewa na guruneti. Kitambaa cha altare bado kina madoa ya damu. Kupiga picha humo hakuruhusiwi, na mimi naona ni sawa kabisa.

Nilimuuliza aliyetutembeza, mama aliyezungumza Kiswahili kizuri, kwa nini maelfu walijazana mahali pamoja namna ile. Akatupeleka nje, kwenye kaburi la Antonia Locatelli, Mtaliano aliyeishi hapa miaka mingi. Machi 1992 Watutsi wa Bugesera waliposhambuliwa, walikimbilia kanisani, na wengi wakapona. Locatelli aliyatangaza mauaji hayo kwa kupiga simu redio ya nje, akapigwa risasi.

Kwa hiyo Aprili 1994 watu walirudi palepale palipowaokoa. Na wauaji walijua pa kuwakuta. Jambo hilo liliniuma kuliko hata zile nguo. Makaburi ya hapa sasa yanahifadhi mabaki ya watu zaidi ya 45,000, wa kanisani na wa vijiji vya jirani.

Mimi ni Mkatoliki, siwezi kuishia kuwalaumu wanamgambo wa Kihutu walioua peke yao. Kule Nyange, magharibi mwa Rwanda, padri Athanase Seromba aliridhia tingatinga libomoe kanisa lake huku Watutsi wapatao 1,500 wakiwa ndani. Mwaka 2008 majaji wa rufaa wa Mahakama ya Kimataifa ya Mauaji ya Rwanda walimhukumu kifungo cha maisha, na kesi hiyo ilisikilizwa Arusha, nchini mwetu. Machi 2017 Papa Francis aliomba msamaha kwa Mungu kwa dhambi za Kanisa na watu wake katika mauaji yale. Kigangoni kwetu sijawahi kusikia hata moja kati ya hayo likitajwa. Nimemwomba katekista atupe nafasi Aprili ijayo, tuwasimulie vijana habari za Locatelli na za Seromba, zote mbili.