Niki Lauda, tajiri aliyekaa mwenyewe kwenye usukani

Abiria wengi wa Mwanga–Ujiji, hapa Kigoma, hudhani LAUDA, jina lililoandikwa kwenye kioo cha nyuma cha hiace yangu, ni la binti yangu. Ni la Niki Lauda wa Austria, dereva wa mbio za magari aliyechukua ubingwa wa dunia wa Formula 1 mwaka 1975, 1977 na 1984, kisha akawa mwenye ndege. Mimi nimeendesha mabasi ya mikoani miaka mingi kabla ya kupata gari langu, na katika watu wote waliotoka kwenye usukani wakawa matajiri, huyu ndiye ninayemheshimu kuliko wote. Wala si kwa ajili ya vikombe.

Alizaliwa Vienna mwaka 1949, kwenye ukoo wa wenye viwanda. Babu yake hakutaka kabisa kusikia habari za mjukuu wa kukimbiza magari. Niki akaenda benki, akakopa, dhamana ikawa bima ya maisha yake, na kwa hela hiyo akajinunulia nafasi kwenye timu ya mbio iitwayo March. Mwaka 1974 Ferrari wakamchukua, na mwaka uliofuata akawa bingwa.

Ajali ya Nürburgring, tarehe 1 Agosti 1976, wengi wameisikia. Kabla ya mashindano aliwaomba madereva wenzake wayasusie, kwa sababu njia ile ya takriban kilomita 23 ilikuwa ndefu mno kwa vikosi vya uokoaji na zimamoto. Akashindwa kwa kura. Mzunguko wa pili gari lake likaacha njia, likagonga ukingo, likawaka moto. Waliomtoa ni madereva wenzake, Arturo Merzario, Guy Edwards, Brett Lunger na Harald Ertl. Uso uliungua, mapafu yakaingia moshi wa sumu, hospitalini padri akaitwa kumpa mpako wa wagonjwa. Tarehe 12 Septemba mwaka huohuo, vidonda vikiwa bado vibichi chini ya helmeti, aliendesha Monza, Italia, na kumaliza wa nne.

Ushujaa huo nauheshimu. Lakini kinachonigusa zaidi ni cha Fuji, Japani, mwezi Oktoba. Siku hiyo ubingwa ulikuwa unaamuliwa kati yake na James Hunt, na mvua ilinyesha mpaka madereva hawaoni mbele. Baada ya mizunguko miwili Lauda akaingiza gari pembeni, akashuka. Mauro Forghieri, mhandisi wa Ferrari, akampa pa kujifichia: tuseme injini imekorofisha. Lauda akakataa, akasema: injini ni nzima, mimi ndiye nimeamua kuacha kwa sababu ya hatari. Hunt akawa bingwa kwa tofauti ya pointi moja tu.

Aliyefanya kazi ya basi anajua uzito wa jambo hilo. Sisi tukichelewa ni pancha. Tukigonga ni breki. Na tajiri, yaani mwenye gari, naye akiulizwa, ni dereva kakimbiza gari. Kila mtu ana pa kuitupia lawama, na sababu yenyewe inabaki palepale barabarani ikimsubiri mwingine.

Mwaka 1979 alianzisha Lauda Air, na mwaka huohuo akaacha mbio katikati ya mazoezi kule Montreal. Kampuni ilihitaji hela, akarudi uwanjani mwaka 1982 na McLaren. Mwaka 1984 akachukua ubingwa wa tatu kwa kumzidi Alain Prost nusu pointi. Alikuwa na leseni ya urubani, na ndege za kampuni yake alikuwa akizirusha mwenyewe.

Sasa nifike ninapotaka kufika. Tarehe 26 Mei 1991, Boeing 767 ya Lauda Air iliruka kutoka Bangkok kwenda Vienna, ikaanguka msituni Thailand dakika chache baadaye. Watu 223 walikufa, hakupona hata mmoja. Lauda alikwenda mwenyewe mpaka penye mabaki. Ilikuja kuonekana kwamba kwenye injini ya kushoto kile kifaa cha kugeuza msukumo, ambacho rubani hukitumia kupunguza mwendo ndege ikishagusa ardhi, kilikuwa kimefunguka angani. Boeing, waliotengeneza ndege hiyo, wakashikilia kwamba hali kama hiyo rubani anaweza kuimudu. Maana yake, waliokosea ni marehemu.

Lauda akapanda ndege mpaka Seattle, Marekani, kwa Boeing, akaomba akae kwenye mashine yao ya kuigiza urushaji. Akajaribu, ikamshinda. Akajaribu tena, ikamshinda. Ndipo akawaambia: kama mnaamini inawezekana, tupande 767 ya kweli, tukifungue kifaa hicho angani, na mimi niwemo ndani. Hapo ndipo walipotoa tamko kwamba marubani wasingeweza kuiokoa ndege ile. Baadaye kifaa hicho kikaongezewa kufuli la ziada kwenye ndege za aina hiyo.

Mimi nilimzika dereva mwenzangu. Basi lilipinduka porini baada ya Malagarasi, na kabla hata hatujarudi kutoka makaburini taarifa ilishatoka kwamba ni mwendokasi. Kampuni siitaji. Gereji nzima ilijua kwamba alikuwa amelalamikia breki za gari lile zaidi ya mara moja. Hakuna aliyekwenda kulifungua gurudumu. Mama yake mpaka leo anaambiwa mwanawe aliua watu, na hilo linaniuma kuliko maneno yangu yanavyoweza kusema.

Lauda aliendelea na biashara. Lauda Air ilikuja kumezwa na Austrian Airlines, naye mwaka 2003 akaanzisha shirika jingine, Niki. Mwaka 2012 akawa mwenyekiti wa timu ya Mercedes, akawa mmoja wa waliomshawishi Lewis Hamilton ajiunge nao. Alifariki tarehe 20 Mei 2019, akiwa na miaka 70.

Kwangu mimi mambo ni madogo zaidi, ila ni yaleyale. Kijana wangu anayeendesha akiniambia, "Tajiri, gari inavuta kushoto," siku hiyo hesabu ya siku simdai. Nachukua gari mwenyewe, tupu, nateremka nayo kutoka Mwanga mpaka Ujiji nikiikanyagia breki kila penye mteremko. Kisha tunaingia gereji, na gurudumu linafunguliwa mimi na yeye tukiwa tumechuchumaa pale. Mara ya mwisho pistoni ya kalipa ya kushoto, kile kifaa kinachobana pedi za breki, ilikuwa imeganda kwa vumbi jekundu, pedi imelika mpaka chuma kinang'aa, ya kulia bado nene. Angegonga siku hiyo, angeitwa mzembe.

Kila gari langu lina daftari. Dereva anaandika alichokisikia au kukiona, mimi naandika nilichokifanya, wote tunasaini. Wamiliki wenzangu wa Gungu, Kibirizi na Ujiji, nimeshaongea na wachache wenu stendi kuhusu daftari hili. Ninayo mengine matupu hapa nyumbani, nimeshayapigia mistari. Anayetaka aje achukue, hela sitaki.