Kaseti ya baba

Nadhani ilikuwa 2015, baba alikuwa bado na ile Carina Ti yake, redio ya kaseti iliyokuja nayo toka Japani. Foleni ya Buguruni mnaijua, na mimi simu imejaa miziki lakini nasikilizia kwenye spika ya simu, aibu tupu.

Nikaanza na kile kidude cha kuchomeka kwenye kiberiti cha gari, Kariakoo elfu kumi na tano, unaunga bluetooth kinarusha muziki kwa FM redio inadaka. Shida redio hizi za Kijapani za zamani zinaanzia 76 zinaishia 90, kidude kinaanzia 87.5, yaani nimebaki na kaupenyo kadogo tu na stesheni za Dar nazo zimejibana humohumo. Tukifika Ilala mtangazaji anaingia katikati ya wimbo kama kaalikwa.

Fundi mmoja Gerezani akaniambia achana na hiyo takataka, nakufungia ndani kabisa. Akachomoa redio, akatoa kakipande ka bluetooth, akakashushia umeme maana gari ni volti 12 na kenyewe kanataka 5, akauchukua kwenye waya wa ACC ili ukizima gari nako kazime, la sivyo kangekesha kananyonya betri. Waya za sauti akazichomelea pale sauti ya kaseti inapoelekea kwenye volyumu. Mwanzo ikawa inapiga mluzi, ukikanyaga mafuta na mluzi unapanda, akahamisha waya wa ethi ukakata.

Kumbe redio ya hivi haikubali kupitisha sauti ya upande wa kaseti mpaka kaseti iwe ndani. "Dogo una kaseti yoyote mbovu?" Nikafungua droo ya dashibodi nikampa ya kwanza kuishika, nyeupe, haina hata kava. Akaifungua akavuta utepe wote akatupa, vigurudumu vikabaki vinazunguka bure, akaisukuma ndani. Muziki ukalia bwana, besi mpaka milango inatetemeka! Utepe ulikuwa unapeperuka kuelekea mtaroni, wala sikuuangalia mara mbili.

Jumapili niko na baba tunaenda Magomeni, akapapasa kwenye droo, akapapasa tena. Halafu akabonyeza kitufe, kaseti ikatoka, akainyanyua kwenye mwanga wa dirisha. Tupu, unaona mpaka ng'ambo. Ilikuwa taarabu aliyorekodi mwenyewe toka Redio Tanzania, RTD, enzi hizo, alikaa na kidole kwenye kitufe kusubiri wimbo mmoja tu.

Hakusema kitu mpaka tumevuka reli. "Haya, niwekee basi kwenye hiyo simu yako."

"Wimbo unaitwaje, baba?"

"Mimi nitajuaje unaitwaje, mimi naujua tu."

Akaanza kuuimba, taratibu, anaangalia mbele, na mimi simu mkononi sijui niandike nini.