Asubuhi ya majivu

Jana usiku nimefuta kurasa nne nzima za hadithi yangu ya watawa wa moto. Sijutii, ila nataka niandike sababu kabla haijanitoka kichwani.

Hawa watawa ni wa kubuni, nimewatunga mwenyewe. Zamani walikuwa watu wa kuhamahama, wanaombaomba njiani na kila siku wanagombania nani mkubwa, nani aanze kusali, mpaka usiku mmoja wa mvua wakakimbilia pangoni wakakuta moto unawaka juu ya jiwe tupu, hakuna kuni, hakuna mafuta, na kulipokucha hakuna hata chembe ya majivu. Sharti la ule moto ni moja tu, lazima awepo mtu aliye macho karibu yake. Basi ndo wakaacha kuhama, wakagawana usiku kwa zamu.

Hapo palikuwa sawa. Tatizo ni zile kurasa nne, maana humo moto uliwapa nguvu, macho yakawa mekundu, wakanyoosha mkono tu jeshi la mfalme likateketea. Nilizisoma kwa sauti nikaona hawa watu hawajabadilika chochote jamani, wamepata silaha tu, na ugomvi wao ni ule ule, sasa hivi wanagombana wakiwa na moto mkononi.

Kilichonifungua ni Kildare, kule Ayalandi. Gerald of Wales, kasisi aliyefika Ayalandi miaka ya 1180, aliandika kuhusu moto wa Mtakatifu Brigid, yule mama aliyeanzisha nyumba ya masista pale Kildare, ambao masista hao walikuwa wanaulinda, na anasema pamoja na kuni zote zilizokwisha tangu enzi za Brigid, majivu yake hayajawahi kuongezeka. Brigid alipokuwa hai walikuwa ishirini pamoja naye, alipokufa wakabaki kumi na tisa na nafasi yake hawakuijaza. Kila mmoja na usiku wake. Usiku wa ishirini yule wa kumi na tisa anaweka kuni pembeni, anamwambia Brigid aulinde moto wake mwenyewe kwa sababu usiku huu ni wake, halafu anaondoka. Asubuhi wanakuta kuni zimeungua na moto upo. Hilo la kumwachia marehemu zamu yake limenikaa moyoni siku nyingi sana, yaani hawakusema ametutoka, walimhesabu kwenye zamu kama mwenzao.

Na kuna kitu kingine, moto wa Kildare ulikuwa haupulizwi kwa mdomo. Unapepewa, au wanatumia mivuo ya kuvuvia kama ya wahunzi, lakini pumzi ya mtu isiufikie. Halafu nenda Yazd, Iran, mbali kabisa na Ayalandi, kwenye moto wa Wazoroasta, watu wa dini ya kale ya Uajemi wanaouheshimu moto, unaosemekana unawaka tangu mwaka 470, nako kuhani anayeuhudumia anafunika mdomo na pua kwa kitambaa cheupe ili pumzi yake isiuchafue. Hebu fikiria unakaa usiku kucha mbele ya kitu unachokipenda, umekisogelea mpaka uso unachoma, na bado unajizuia kukipumulia. Mimi hiyo heshima naielewa kuliko jeshi lote lile nililoliteketeza.

Lakini moto wa Kildare ulikuja kuzimwa, karne ya 16, wakati wa Matengenezo ya Kanisa, Waprotestanti walipojitenga na Roma. Ukakaa kimya miaka mingi, mpaka mwaka 1993 masista wa Brigidine, shirika lenye jina la Brigid, wakauwasha tena palepale mjini. Nimejiuliza sana kama ni moto ule ule. Kwangu mimi ndiyo, ni ule ule, na nilijua kwa nini naamini hivyo kabla sijaweza kusema.

Mama alipokuwa anaumwa tulikuwa tunakesha kwa zamu, mimi na dada yangu. Usiku mmoja wa zamu yangu nikapitiwa na usingizi palepale kitini. Nashtuka alfajiri nimefunikwa shuka, taa imepunguzwa, na dada amekaa kitandani kwa mama ameshika kitambaa chenye maji, dada ambaye alikuwa amekesha usiku wa kuamkia jana yake. Nikafungua mdomo kuomba msamaha akanionyesha kwa mkono, nyamaza, ndo kwanza amelala. Hakumwambia mtu, hata mimi hajawahi kunikumbusha.

Kwa hiyo kurasa mpya ni hizi. Kuna mtawa mdogo, zamu yake, analala. Moto wa ajabu unazima, umezima kwelikweli, na uajabu wake umeisha hapohapo na hautarudi. Anapoamka anakuta moto unawaka kama kawaida, anashukuru, anapangusa uso, halafu anaona chini ya jiwe kuna majivu. Kidogo tu, yanaenea kwenye ncha ya kidole. Miaka yote hiyo hawajawahi kuona majivu pale.

Mchana wote wanapita mmoja mmoja, wanayaona, hakuna anayeuliza. Jioni wa zamu inayofuata anakuja na mzigo wa kuni kichwani, anakaa, anaanza kuchochea. Kesho yake mwingine naye anakuja na kuni. Hapo ndo wamebadilika, nilikuwa nahangaika kupatafuta hapo tangu mwanzo, walikuwa wanaulinda muujiza na sasa wanaulisha moto, na kwenye kwenda kukata kuni hakuna tena aliye mkubwa maana porini mzigo ni mzigo.

Yule mdogo bado hajui ni nani aliyeuwasha usiku ule. Mpaka siku ya tatu anampokea bikizee kikombe cha maji, yule mkali kuliko wote, aliyekuwa wa kwanza kugombania kukaa mbele, anaona viganja vyake vyote viwili vimetoka malengelenge, katikati kabisa, pale ulindi, kile kijiti cha kupekechea, unaposugua mtu akipekecha moto.

Bikizee anafunga mikono. Leo usiku naendelea kuanzia hapo.