Kahawa ya Mlima Elgon na mkulima asiyeionja

Mwaka 1844, akiwa Paris, mwanafalsafa Mjerumani Karl Marx alieleza kwamba mfanyakazi hutenganishwa na vitu vinne: anachozalisha, kazi yenyewe, ubinadamu wake na wenzake. Hilo la kwanza utaliona wakati wa mavuno huko Bugisu, kwenye miteremko ya Mlima Elgon mashariki mwa Uganda. Mkulima huchuma matunda mekundu, huyamenya siku ile ile, huchachusha mbegu, huziosha, huzianika. Matunda kilo 6 hivi humpa kilo 1 tu ya kahawa safi, yaani mbegu kavu zilizotolewa maganda. Gunia likishaondoka, jioni yeye anakunywa chai.

Hapo pananiuma. Mbegu zikichachushwa kupita kiasi, kahawa huharibika ladha na mnunuzi hushusha bei. Asiyewahi kuonja atajuaje kasoro ilianzia kwenye ndoo yake? (Uonevu wa bei nao upo, tusidanganyane.)

Basi, wakulima, tengeni kikombe 1 cha mbegu kavu. Twangeni kidogo kwenye kinu, pepeteni maganda, kaangeni kwa moto wa wastani mkikoroga bila kuacha, hadi zipasuke kwa mlio. Dakika 10 hadi 15. Sageni, chemsheni, mwonjesheni na jirani aliyesaidia kuchuma.