Bunju wako anahitaji kazi, chakula peke yake hakimtoshi

Kama unafuga bunju, yule samaki anayejivimbisha akiogopa, halafu kutwa unamuona anapanda na kushuka kwenye kona ileile ya tangi, mdomo umegusa kioo, mapezi yanapepea bila kupumzika, huyo hachezi jamani. Kuna watu wananionyesha video za hivyo kwenye simu, mtu anakwambia mcheki anavyofurahi, na mi roho inaniuma kwa sababu yule samaki kachoka na kale kachumba kake na hana namna nyingine ya kusema.

Cha kwanza kabisa pima maji. Amonia na naitraiti, zile sumu zinazotokana na uchafu wa samaki, ziwe sifuri, naitreti iwe chini, na maji yabadilishwe kila wiki bila uvivu maana bunju anakula kwa fujo na anachafua sana, alafu hana magamba kama ya sato au changu kwa hiyo maji mabaya na dawa zenye kopa, yaani shaba, zinampiga haraka kuliko samaki wengine. Angalia pia kama taa ya sebuleni haifanyi kioo kiwe kama cha kujitazama, maana akiona bunju mwingine mle ndani atapigana na kivuli chake mpaka ajichoshe. Sasa ukishapima ukakuta maji yako freshi, na tangi ni saizi yake, na bado anazunguka, basi anaboeka. Na kuboeka kwa bunju ni tatizo la kweli, litibu kama unavyotibu ugonjwa.

Wangu ni fahaka, Tetraodon lineatus, bunju wa maji baridi, yaani yasiyo na chumvi, yule mwenye mistari ya njano ubavuni na macho mekundu. Kwa asili wanaishi Mto Nile, Niger, Volta, Ziwa Chad, na huku kwetu wapo Ziwa Turkana. Porini anafika mpaka sentimita 43, kwa hiyo tusidanganyane na vile vitoto vya saizi ya kidole gumba vinavyouzwa, huyu ni samaki wa lita 500 kwenda juu na anakaa peke yake. Ukimuwekea mwenzake, hata awe fahaka mwingine, mtakuja kuokota vipande asubuhi. Na hapo ndo penye jambo lenyewe: samaki wa kundi anashinda anafukuzana na wenzake, huyu hana mwenzake, kwa hiyo kila kitu cha kumshughulisha akili kwenye maisha yake yote kitatoka kwako wewe. Usipompa hatakipata popote.

Maana ana akili na ana vifaa. Macho yake yanazunguka kila moja upande wake, anasimama majini kama helikopta, anarudi nyuma, anageuka palepale alipo. Kule Japani, karibu na kisiwa cha Amami Oshima, kuna bunju mdogo wa baharini anaitwa Torquigener albomaculosus, dume lake linachora mduara kwenye mchanga wa chini wenye upana wa karibu mita 2, matuta na mifereji imepangwa kwa mahesabu, linafanya kwa mapezi na tumbo lake siku baada ya siku ili jike lije kutaga katikati. Wapiga mbizi waliiona ile miduara tangu 1995 na hawakujua ni kazi ya nani mpaka miaka mingi baadaye, na samaki mwenyewe akapewa jina la kisayansi 2014. Sasa mtu akiniambia samaki hana akili ya kuchoka na maisha mi namuonyesha hiyo.

Fahaka hachori miduara, kazi yake ni kutafuta. Chakula chake porini kina gamba gumu, kimejificha kwenye matope au chini ya jani, kwa hiyo muda wake mwingi unaishia kwenye kuchungulia, kupuliza mchanga, kuvizia. Wewe ukimuwekea kamba aliyemenywa anammaliza kabla hujafunika mfuniko, alafu siku nzima iliyobaki akae afanye nini? Hata ukimuongezea chakula haisaidii, atanenepa tu, fahaka mkubwa anakula mara mbili tatu kwa wiki na anatosheka. Anachokosa ni ile kazi ya kukipata.

Ndo maana mi naanza na konokono. Bunju ana meno manne yaliyoungana yakawa kama mdomo wa kasuku, na yanaota maisha yake yote, asipovunja vitu vigumu yanarefuka mpaka anashindwa kufumba mdomo na kula. Kwa hiyo konokono anamtunzia meno na hapohapo anampa kazi ya kichwa. Mcheki siku moja bila kumsogelea: anasimama, anainamisha kichwa chini, jicho moja linamlenga konokono na lingine bado linakuangalia wewe, rangi inabadilika, kama konokono kajifungia ndani anasubiri, hana haraka, anazunguka upande wa pili, anarudi, mpaka yule atoe kichwa kidogo, alafu unasikia ko! mpaka kwenye kochi, na anatema vipande vya gamba kimoja kimoja. Konokono sita wakitupwa sehemu tofauti tofauti wanamshughulisha jioni nzima, na kesho yake bado anapita kukagua sehemu alizowapata.

Ila tafadhali sana usiende kuokota konokono mtoni, kwenye mitaro au kwenye majaruba ya mpunga. Kichocho kinapita kwa konokono wa maji baridi, na ukiingiza mikono kwenye maji yale unajitafutia ugonjwa wewe na watoto wako, huyo samaki sijamtaja bado. Fuga wa kwako. Kizazi kilichoangulika nyumbani kwenye maji safi hakina vimelea vya kichocho, maana konokono hazaliwi navyo, anavipata maji yakiingia mkojo au kinyesi cha mtu mgonjwa. Tafuta mayai kwa mtu anayefuga tayari, weka kwenye ndoo uani kivulini, wape mchicha uliochemshwa kidogo, wape maganda ya mayai yaliyosagwa ili magamba yao yawe magumu, na ndani ya miezi michache utakuwa nao mpaka wa kugawa. Wakizidi usiwamwage mtaroni, wagande kwenye friza.

Siku ambazo sio za konokono napitia soko la samaki la Feri mapema nachukua vitu vidogo ambavyo wauzaji wenyewe hawavihesabu sana, miguu ya kaa, kamba na maganda yake, kome. Vyote vinaenda friza kwanza siku kadhaa. Badilisha badilisha, maana kamba na kome kila siku vina kimeng'enya kinachoharibu vitamini B1 mwilini mwa samaki, na bunju akishazoea kitu kimoja anagoma kingine kama mtoto.

Na usimpe mdomoni, kifukie. Mchanga laini, wa kutosha kina cha kama sentimita 10 ili aweze kujifukia mwenyewe yabaki macho tu juu, hiyo ni tabia yake na changarawe inamchubua tumbo. Mguu wa kaa ukiufukia nusu, anakuja, ananusa, anapiga pumzi ya maji toka mdomoni mpaka mchanga unaruka, anasogea, anapiga tena. Wakati mwingine naufukia kona ya kushoto, wakati mwingine nabana chini ya jiwe, siku nyingine asubuhi, siku nyingine usiku, nisiwe na ratiba anayoweza kuikariri. Na zile siku za kufunga kula naweka magamba matupu ya kome, anayageuza weee.

Kuna na mafunzo ya kijiti, haya nayapenda kuliko yote. Chukua kijiti kirefu, funga shanga moja kubwa nyekundu mwishoni, kizamishe. Akiisogelea mpe kipande kidogo cha kamba kwa koleo, sio kwa vidole, fahaka anakata kidole vizuri sana na sitanii. Baada ya muda anaelewa, anaigusa shanga kwa mdomo alafu anageuka kukutazama anasubiri malipo yake. Ukifika hapo unaweza kumvusha toka upande mmoja wa tangi mpaka mwingine, unaweza kumuingiza kwenye chombo cha plastiki bila kumkimbiza, na hilo ni jambo kubwa kwa sababu bunju hatakiwi kutolewa kwa wavu. Akitolewa majini anameza hewa, anavimba, na ile hewa inaweza ikagoma kutoka.

Na kuhusu kuvimba, naomba niliseme wazi. Kuvimba ni hofu ya kufa. Mtu anayegonga kioo au kumchokoa bunju ili avimbe wageni wacheke, kwangu hafugi samaki, anamtesa. Hivyohivyo wale wanaomtupia samaki wadogo hai ili waone damu, hao samaki wa bei rahisi wanakuja na magonjwa, na bunju hata hawahitaji.

Mapambo nayo yabadilishe, ila nusu nusu. Nasogeza mawe ya upande mmoja, nageuza gogo, nahamisha mimea, lakini pale anapolala sipagusi kabisa. Siku ya mabadiliko anatembea tangi zima anakagua kila kitu taratibu, mapezi yanaenda pole, yaani unaona kabisa anasoma ramani upya.

Tangi lenyewe liweke mahali watu wanapita. Wengi wanalificha chumbani eti kelele, bunju kwa kweli anapenda kuona maisha ili mradi ana mahali pa kujificha akichoka. Langu liko sebuleni. Mama yangu alipokuja toka Tanga alikaa naye mchana kutwa, jioni ananiuliza, "Mwanangu, huyu mbona kanikazia macho hivi?" Nikamwambia, "Shikamoo yake hiyo mama, anaomba chakula." Akasema kwao bunju ni wa kutupwa baharini maana ana sumu, na ni kweli, asiliwe. Mpaka anaondoka alikuwa anamuaga kwanza yeye ndo mimi nafuata.

Kwa wenye nafasi ndogo kuna bunju kibete wa Kerala, India, Carinotetraodon travancoricus, hafiki hata sentimita 4, huyo lita 40 zenye mimea mingi zinamtosha mmoja. Kazi yake ni kuwinda vidudu kwenye majani, na viluwiluwi vya mbu anavifuata mpaka unamuonea raha. Ndoo ya kuvikuzia ifunike kwa chandarua cha matundu madogo na uvivue vikiwa vichanga, usije ukafuga dengue kwa ajili ya samaki. Ila yule mkubwa wa Ziwa Tanganyika na Mto Kongo, Tetraodon mbu, ukimkuta anauzwa mdogo mzuri namna ile muache, anafika sentimita 67 na hakuna kijiti wala konokono vitakavyofidia tangi ambalo hawezi hata kugeukia.

Kama huna hela ya kununua chochote wiki hii, anza na majani ya mkungu, ule mti unaozaa kungu. Okota yaliyokauka yakadondoka yenyewe, mbali na barabara na dawa za kupulizia, yasuuze, yaloweke mpaka yazame, alafu tawanya machache chini. Maji yatapata rangi ya chai kidogo, haina shida, filta iendelee kama kawaida, na yakianza kuoza sana toa weka mengine. Chini ya jani moja weka konokono, mengine yaache matupu.